Ngazi Tatu za Mashine ya Mjomba

Jumatatu, tarehe 3 Machi

Siku kubwa. Mjomba ametangaza kwamba anastaafu mwisho wa mwezi. Mkono wake wa kulia umeanza kutetemeka, na kinyozi mwenye mkono wa namna hiyo, amesema mwenyewe, ni hatari kwa masikio ya watu. Funguo za saluni atamwachia mmoja wetu: ama mimi, mtoto wa dada yake, ama Binamu, binti wa marehemu mdogo wake wa kiume. Hakusema nani. Alitutazama wote wawili kwenye kioo. Mimi nikanyoosha mgongo. Binamu akaendelea kufagia nywele. Hana tamaa ya maendeleo huyu.

Kisha Mjomba akanivuta pembeni. Mimi, siyo Binamu! Ana ombi dogo. Jumapili saa nne asubuhi anataka kucheza mpira na Mrefu, kwenye ile mashine ya gemu iliyo kwenye kona ya wateja wanaosubiri. Mrefu ndiye aliyefungua naye saluni hii, enzi zile wana kiti kimoja na kioo chenye ufa. Sasa yuko ng'ambo kwa watoto wake, na wajukuu wamemnunulia mashine kama yetu. Hawajaonana tangu mimi nikiwa navaa kaptula. Mjomba akasema mambo ya intaneti hayajui, niangalie kinachotakiwa.

Nikamwambia aniachie mimi. Moyoni nilishazisikia funguo zikilia mfukoni mwangu.

Nikawasha mashine, nikafungua ukurasa wa huduma ya mtandaoni. Mola wangu! Kuna ngazi tatu. Ya chini inaitwa Msingi: unacheza na watu walio mbali, kwa michezo uliyo nayo mwenyewe. Basi. Imepakwa rangi ya kijivu, maskini. Ya kati ni Ziada: hayo yote, na juu yake maktaba nzima ya michezo, unaicheza maadamu unaendelea kulipia. Hii ni ya bluu. Halafu kuna ya juu. Kilele. Dhahabu tupu! Hayo yote, na michezo ya zamani ambayo watu walidhani imekufa, na michezo ambayo bado haijatoka vizuri.

Nilianza kushuka kwenye orodha. Nikashuka. Nikashuka tena. Haina mwisho! Kuna mchezo wa kuendesha treni ya mizigo. Kuna wa kufuga nyuki. Kuna wa kuosha madirisha ya ghorofa. Yaani mtu anatoka kazini amechoka, anafika nyumbani, anaosha madirisha yasiyokuwepo, na anafurahi. Nilivua kofia bila kujijua.

Na kuonja Kilele ni bure siku tatu, kwa akaunti mpya! Sasa nani mwenye akili atamnunulia mzee wake kijivu? Nimefungua akaunti hapohapo.

Jumanne, tarehe 4 Machi

Kilele kinafanya kazi. Nimeshusha mchezo wa mpira kutoka kwenye maktaba, na Mjomba ameshika padi ya kuchezea kwa mara ya kwanza. Mkono ulitetemeka vilevile, lakini yule mchezaji kwenye runinga alikimbia moja kwa moja kama hana habari. Mjomba alicheka mpaka akakaa.

Kisha akagundua kwamba unaweza kuunda timu yako mwenyewe. Kwisha kazi! Ameshinda hapo kutwa. Ameunda timu ya mtaa wao wa ujana, wachezaji kumi na mmoja, kila mmoja na jina lake, kimo chake na mtindo wake wa nywele. Mitindo ya nywele ndiyo iliyochukua muda. Alikuwa anasogea karibu na runinga, anasema hapana, huyu upara wake ulianzia nyuma. Golini amemweka Mrefu. Jezi za kijani, kwa sababu ndiyo rangi ya pazia la kwanza la saluni.

Tatizo dogo: nilipokuwa namnyoa Dereva wa teksi, mteja wetu wa siku nyingi, nikasema nichungulie Kilele mara moja tu. Nilipogeuka, Dereva alikuwa ameshaondoka na nusu ya nywele zake. Amepata abiria wa haraka, Binamu ananiambia. Kaondoka amevaa kofia yangu.

Binamu akaniuliza kama ule mchezo wa mpira hatuna diski yake kwenye droo chini ya mataulo, ile Mjomba aliyopewa siku aliyonunua mashine. Akauliza pia kama ngazi ya kijivu isingetosha. Nilicheka. Nikamweleza kwa upole kwamba mzee hapelekwi sakafu ya chini wakati lifti inafika juu. Akapandisha mabega, akaenda kuchemsha vifaa.

Jumatano, tarehe 5 Machi

Sina la kuandika. Nilikuwa naangalia orodha. Sijafika mwisho.

Alhamisi, tarehe 6 Machi

Balaa! Nimewasha mashine asubuhi, kila mchezo una kufuli. Kufuli dogo jeusi, limekaa kwenye picha kama nzi. Siku tatu zimekwisha. Mpira umefungwa, treni imefungwa, hata nyuki wamefungwa.

Lakini kichwa changu si cha kuvalia kofia tu, tena kofia yenyewe anayo Dereva. Kuonja ni kwa akaunti mpya, sivyo? Basi nikatengeneza akaunti mpya, kwa barua pepe mpya. Saa nne kamili nikabonyeza. Dhahabu ikarudi! Makufuli yote yakapukutika. Nilipiga magoti, kusema kweli, ingawa nilimwambia Binamu natafuta kitana. Huduma gani hii duniani inayokusamehe kiasi hiki?

Kisha nikafungua mchezo wa mpira. Timu ya Mjomba haipo.

Haipo kabisa! Akaunti mpya, kumbukumbu mpya. Wachezaji wote ni wageni, nyuso zao sijawahi kuziona. Mjomba alikuwa amekwenda kwa daktari wa mkono, anarudi mchana. Ilibidi nimfufulie vijana wake kumi na mmoja kabla hajafika.

Majina saba niliyakumbuka. Manne nikayatoa kwenye picha ya zamani iliyopigiliwa juu ya rafu ya poda, ambayo Mjomba ameandika jina chini ya kila mtu. Mmoja amesimama pembeni, anatabasamu, kifua mbele. Sura ya kiongozi. Nimemfanya nahodha. Rangi ya kijani nimeikosa kwa haraka, nimeweka iliyo karibu nayo. Nadhani hatagundua.

Ijumaa, tarehe 7 Machi

Amegundua.

Aliisogelea runinga, akawakagua wachezaji mmoja mmoja. Nikajitia hamnazo, nikaanza kukunja mataulo yaliyokwisha kukunjwa. Mwishowe akaniuliza nani amemweka yule nahodha. Kumbe yule mtu ndiye aliyetoroka na mashine yao ya kwanza ya kunyolea, na viatu vya Mrefu! Kwenye picha anatabasamu kwa sababu alikuwa ameshapanga. Mjomba anaitunza ile picha ili asiisahau sura yake.

Nikasema ngazi za juu huwa zinajiamulia mambo zenyewe. Akauliza kama ni hizo ngazi za juu zilizowavisha vijana wake jezi za waridi. Binamu alikuwa anakohoa kwenye taulo. Si kikohozi kile, namfahamu.

Mjomba hakukasirika, na hilo ndilo lililoniuma. Aliweka padi chini taratibu, akasema mambo ya timu yaishe. Anataka jambo moja tu. Jumapili, Mrefu atakuwepo? Akaniambia kwamba mwaka juzi walipanga kuonana, yeye akaumwa. Mwaka jana walipanga tena, Mrefu akaumwa. Umri waliofika si wa kuahirishaahirisha.

Nimemwapia. Atakuwepo, kwa dhahabu.

Jumapili, tarehe 9 Machi

Naandika usiku, kabla sijasahau.

Saluni hatufungui Jumapili, lakini leo tulifungua kwa ajili yake. Mjomba alikuja amevaa koti lake jeupe la kazi, limefuliwa na kupigwa pasi, na kalamu mfukoni. Nikamvalisha hedifoni, na sauti nikaiacha pia kwenye spika ili nasi tusikie. Sekunde chache kabla ya saa nne jina la Mrefu likatokea kwenye runinga. Kisha sauti, nzito, yenye mikwaruzo.

"Wewe mzee! Bado unakata watu masikio?"

Mjomba akasimama wima. Akafungua mdomo ajibu.

Kufuli!

Lilikuja na maandishi ya adabu kabisa: muda wako wa kuonja umekwisha, asante kwa kuwa nasi. Saa nne kamili. Saa ileile niliyobonyeza Alhamisi. Sauti ikakatika. Mjomba alibaki amesimama na padi mkononi, anaiambia runinga, Mrefu? Mrefu?

Sitaki kuisikia tena sauti ile.

Nikakimbilia akaunti ya tatu. Inataka barua pepe nyingine. Nikatunga. Ikasema jina hilo limeshachukuliwa. Na nani?! Nikatunga lingine, nikasahau nywila kabla sijaiandika mara ya pili. Ndipo Binamu akanisogeza kwa nyonga, bila ubaya, kama anavyosogeza kiti akifagia. Akafungua droo. Akanyanyua mataulo. Akatoa diski, akaifuta kwenye aproni, akaisukuma kwenye mashine. Akairudia akaunti yangu ya kwanza, akatoa simu yake, akalipia Msingi. Kijivu!

Mpira ukafunguka. Na timu ya kijani ilikuwa pale. Wote kumi na mmoja, kila mmoja na upara wake, mahali palepale Mjomba alipowaacha. Haikuwa imekwenda popote.

"Baba Mkubwa, zungumza," Binamu akasema. "Anakusikia."

Alikuwa amemtumia Mrefu mwaliko mpya, naye alikuwa bado anasubiri. Akasema alidhani Mjomba ameona aibu kufungwa.

Mechi ikaanza. Hawakucheza! Mpira ulikaa katikati ya uwanja, wachezaji ishirini na wawili wamesimama wakitazamana, na wale wazee wakazungumza. Walianza na kile kioo chenye ufa. Wakaja kwa mteja fulani aliyekuwa akilala kitini mpaka jioni. Wakawataja waliokufa, mmoja mmoja, na wakanyamaza baada ya kila jina. Mvua ikaanza kunyesha uwanjani, yenyewe tu. Yule Mrefu wa kijani golini akawa anahamisha uzito mguu huu, mguu ule, analoa.

Mjomba akamweleza habari za mkono. Kisha Mrefu akasema wake pia, tangu mwaka jana. Lakini wake ni wa kushoto.

Mjomba akafikiri. Akasema basi kati yao wawili bado yupo kinyozi mmoja mzima.

Walicheka wakashindwa kuacha. Mimi machozi yalinitoka waziwazi, nikamwambia Binamu ni poda. Sijawahi kuona kitu kama hiki. Watu wawili, bahari na nchi kadhaa kati yao, na pumzi ya mmoja inasikika kwenye kona yetu ya kusubiria, karibu na ndoo ya nywele. Nimeogopa kidogo, kama mtu aliyefungua mlango wa stoo akakuta uwanja.

Mechi iliisha sare. Hakuna aliyeugusa mpira.

Nimelala kitandani na wazo moja. Ikiwa kijivu, ngazi ya chini kabisa, inaweza kufanya haya... dhahabu ingefanya nini?

Jumatatu, tarehe 10 Machi

Funguo amepewa Binamu.

Mjomba alinieleza mwenyewe, mkono wake begani kwangu. Akasema nina moyo, hilo hana shaka nalo. Ila mteja akiomba apunguzwe nywele, mimi namtengenezea harusi. Yeye alitaka kuzungumza na rafiki yake, basi. Nikajibu kwamba nimeelewa. Akaniuliza nimeelewa nini. Nikasema yote.

Kiti cha pili kinabaki changu. Binamu hakuringa. Alizifunga funguo kwenye aproni, akaendelea kufagia. Mke wangu nilipompa habari alisema alijua tangu mwanzo, na akauliza kofia yangu iko wapi.

Mjomba na Mrefu wamekubaliana kukutana kila Jumapili saa nne. Hiyo sasa ndiyo miadi yake kubwa ya wiki. Ameshatoa koti likafuliwe.

Alhamisi, tarehe 13 Machi

Nimelifikiria jambo lote kwa utulivu, nikagundua kosa langu lilikuwa wapi. Nimejifunza! Lilikuwa ni kosa la saa tu.

Kwa hiyo leo, Binamu alipotoka kununua poda, nimefungua akaunti mpya. Kilele! Dhahabu imenimulika usoni, na nimeshuka kwenye orodha mpaka kwenye mchezo wa kutengeneza saa za ukutani, ambao sikuwahi kuufikia. Timu ya wazee nimeiunda upya, jezi za kijani kweli safari hii, na yule mwizi nimemweka benchi. Wanastahili kuonana kwa heshima zote, siyo kwenye kijivu. Mjomba atatoa machozi.

Dereva wa teksi naye amerudi kumaliziwa upande wa pili. Amenirudishia kofia. Kumwomba radhi nimempa ile diski kuukuu, maana na yeye ana mashine nyumbani, na kwetu haina kazi tena. Amefurahi sana. Kaondoka nayo moja kwa moja, ana safari ndefu, atarudi wiki ijayo.

Nami nimekuwa makini mno. Mara ile nilibonyeza saa nne kamili. Leo nimesubiri, nimetazama saa ya ukutani, na nimebonyeza saa nne na dakika kumi.