Masahihisho ya Chumba Kisichokuwepo

Tangu dunia iumbwe hajatokea msema kweli kama mimi. Isipokuwa pale ukweli ulipopooza, nikautia chumvi kidogo. Basi sikilizeni.

Serikali ilitangaza, kwa vigelegele na hotuba ya saa nne, kuundwa kwa Idara ya Kuhakiki Ukweli wa Picha Zinazotembea. Filamu yoyote ya maisha halisi lazima Mkurugenzi aitazame, aandike masahihisho, apige mhuri, kisha abandike nakala ukutani nje ili waandishi wa habari wasipotoshwe. Mkurugenzi aliipenda kazi yake kuliko usingizi. Filamu ya mafuriko aliwahi kuirudisha kwa sababu ilisema maji yalifika kiunoni, na yeye alijua yaliishia magotini.

Siku moja alikuja mpiga filamu mmoja, mtaani wakimwita Dada Jicho. Mdogo wake, fundi redio, alichukuliwa na watu wasiojitambulisha wiki sita nyuma, kwa kulalamika hadharani. Kila kituo cha polisi alichokwenda dada mtu, jibu lilikuwa moja: hayupo. Filamu yake ilihusu chumba cha mahabusu chini ya jengo hilo hilo la Idara.

"Chumba hicho hakipo," Mkurugenzi akasema.

"Basi andika hivyo, mheshimiwa, niende zangu."

"Siandiki ovyo ovyo, binti. Ukweli una utaratibu wake."

Taa zikazimwa. Filamu ikasema mlango wa chumba ni mweusi. Mkurugenzi akaguna, akaandika. Ikasema mna watu kumi na mmoja. Akaandika. Ikasema wanakula mara mbili kwa siku.

"Mara mbili!" akacheka mpaka kiti kikalia. "Wamefika hotelini?"

Mwisho ikatokea picha ya kijana mwenye ndevu, na sauti ya Dada Jicho: "Huyu ni mdogo wangu. Nadhani ameshakufa."

Mkurugenzi akatikisa kichwa kama mwalimu aliyechoshwa na mtoto mzito, akaandika, akapiga mhuri, akatoka kubandika. Waandishi waliokuwa wakisubiri wakasoma kwa sauti:

"Chumba hakipo. Mlango wake ni wa kijani. Watu ni kumi na wanne. Chakula ni mara moja, jioni. Fundi redio hajafa. Amenyolewa ndevu tu."

Dada Jicho akashika ukuta.

"Mheshimiwa," akauliza mwandishi mmoja, "kijana huyu umemwona lini?"

"Mimi? Sijawahi kumtia machoni! Mambo ya chini huko nayasikia tu, kama nyinyi."

"Maskini mdogo wangu," Dada Jicho akasema, machozi yakimtoka, jicho moja likimchungulia mkubwa. "Kumbe walimnyoa kwa kigae cha chupa."

"Kigae?" Mkurugenzi akaruka. "Nani kasema kigae? Wembe mpya kabisa! Nilisimama pale pale mbele yake mpaka ukatolewa kwenye karatasi!"