Yah: Hanzaki Kuacha Ngumi na Kulima Kabichi

Malindi, Lushoto
9 Agosti 1998

Ndugu Hezekia, Mwenye Banda la Video,

Habari za siku nyingi. Sisi hatujambo, na mahindi yanaendelea. Nashukuru kwa sufuria kubwa mliyotuazima mwezi wa tatu kwenye msiba wa mke wangu, Cecilia. Binti yangu Esta anasema aliirudisha ikiwa safi.

Nimesoma tangazo ulilobandika mlangoni, kwamba Jumamosi saa tisa alasiri utaonyesha tena Hanzaki Sehemu ya Pili, ile katuni ya Kijapani iliyotugombanisha mwaka juzi. Naomba kwa heshima usiionyeshe. Tena naomba siku ya soko utangaze kwa kipaza sauti kwamba mambo ya Sehemu ya Pili hayakutokea. Sababu zangu ni hizi:

1. Katika Sehemu ya Kwanza Hanzaki alikuwa mpiganaji. Aliruka kutoka mlima hadi mlima, akapiga majitu sabini na mawili, kila jitu ngumi moja. Sehemu ya Pili inaanza ana mvi na analima kabichi. Ndugu Hezekia, kabichi tunazo. Hakuna mtu wa Malindi anayehitaji kuingia gizani kutazama kabichi.

2. Hata hizo kabichi anazipanda vibaya. Anahamisha miche saa sita mchana, jua linawaka, na kati ya mche na mche hakuna hata shubiri moja. Mtu aliyeokoa dunia alishindwa nini kumwuliza bwana shamba?

3. Jitu kuu, lile lenye macho matatu, linamfuata nyumbani kumtukana, naye analikaribisha chai. Yassir, mtafsiri wako, akasema kwenye kipaza sauti: "Shikamoo mzee, karibu uketi." Jitu lile ni dogo kwa Hanzaki kwa umri. Lilipaswa kutoa shikamoo, siyo kupokea. Nilimfuata Yassir nikamwuliza Kijapani alijifunzia wapi. Akanijibu, "Mzee Sefania, mtu akiinama vile mbele ya mgeni nitafsiri nini? Niseme anatafuta sindano?"

4. Banda liligawanyika. Dorkasi wa kwaya alipiga kelele, "Rudisheni kanda Mombo! Huyu siye, huyu ni baba yake!" Wenzake wakamwambia anyamaze, mzee wa watu anapalilia. Jumapili iliyofuata sauti ya kwanza na sauti ya pili hazikusalimiana, na wimbo wa toba uliimbwa na wanaume peke yao.

5. Mke wangu alikuwa upande wa kabichi. Kwa miaka thelathini na mmoja tulikubaliana mambo mengi: kanisa, mbegu za viazi, jina la mtoto wetu wa kwanza. Hanzaki ndiye aliyetutenganisha. Siku ile Cecilia aliniambia mbele ya watu, "Baba Anord, kaa chini. Mwenzio kapigana mpaka kachoka. Unataka afe ndiyo ufurahi?" Watu wakacheka. Nilikuwa na jibu zuri sana, ila lilinijia tulipofika darajani, na yeye alikuwa ameshahamia kwenye habari za kuku. Jibu hilo ninalo mpaka leo.

6. Mfano ni mbaya kwa jamii. Ikiwa Hanzaki anaweza kupumzika, nani atakubali kuendelea? Tayari Bartholomeo, mpiga kengele wetu, alikutwa Jumapili moja amekaa kibarazani na kikombe cha chai. Alipoulizwa alisema amefika Sehemu ya Pili. Tukinyamaza, ng'ombe watafuata, kisha mito, na asubuhi moja tutakuta milima yenyewe imeshuka Mazinde kupumzika kando ya barabara.

7. Kuhusu mwisho wa kanda hiyo, sitaki hata kuuzungumzia.

Kwa hiyo naomba kanda irudishwe ilikotoka, na Jumamosi uonyeshe Sehemu ya Kwanza mara mbili. Ukikataa nitalazimika kuandika Japani. Esta ameahidi kunitafutia anwani.

Nisalimie mama watoto, Yassir pia pamoja na kutoelewana kwetu, yule fundi wa jenereta, na wote wa benchi la nyuma, hata wale wa upande wa kabichi.

Ni mimi, niliyebaki na Hanzaki wa kwanza,
Sefania

Nyongeza: Esta ameisoma barua hii akaniuliza huo mwisho ni upi. Ukweli ni kwamba siujui. Mara zote nne ulizoionyesha nilitoka nje kwa hasira baada ya ile chai, miche ilipoanza kupandwa, nikamsubiri Cecilia ukutani. Njiani alinisimulia mwisho, mimi nikijifanya sitaki kusikia. Mara ya kwanza Hanzaki aliinuka akawapiga wote. Mara ya pili alioa mjane wa jirani. Mara ya tatu jitu lilibaki likamsaidia kumwagilia. Mara ya nne alisema yeye alisinzia, nikamsihi mpaka tukafika mlangoni, akacheka tu. Sasa sina wa kunisimulia. Kanda usiirudishe. Jumamosi nitakuja mapema; nipe nafasi mbali na mlango, na mwambie Yassir anishike koti kabichi zikianza.