Mashindano ya Kujicheka, Nkuhungu

Jumatatu, 4 Agosti
Optatus tena! Huyu Mhaya anauza simu jirani na kibanda changu cha kuchora mabango. Leo kaniuliza mbele ya wateja kama sisi Wagogo tunazaliwa na bakuli la kuombea mkononi. Wakacheka. Na mimi nikacheka, mjinga mkubwa. Mwaka jana mama alikaa nje ya hospitali akinisubiri, bwana mmoja akadhani ni ombaomba, akamdondoshea sarafu mapajani. Tangu siku hiyo hajakanyaga mjini. Inaniuma mpaka leo.

Jioni nimesoma kwenye simu habari za wachoraji wa Kiyahudi. Watu walitangaza mashindano ya kuwachora vibaya. Wao wakaanzisha ya kwao, ya kujichora vibaya zaidi, na asiye Myahudi haruhusiwi. Akili hizo! Naiga.

Jumatano, 6 Agosti
Tangazo limebandikwa kwenye mgahawa wa Restuta. Jumamosi, mashindano ya kuwacheka Wagogo, Wagogo tu. Mwenyekiti mimi. Jaji mimi. Mshiriki wa kwanza mimi. Optatus kaomba kuingia, eti bibi yake aliwahi kupanga chumba mtaa wa Kikuyu, hapa hapa Dodoma. Nimemkatalia. Raha iliyoje!

Ijumaa, 8 Agosti
Balaa. Watu wote wako kwenye maonyesho ya Nanenane, hakuna aliyejiandikisha. Halafu dada yangu Loisi kapiga simu kutoka kijijini: mtu kamtumia mama picha ya tangazo. Humo nilijichora nimeshika bakuli, na sura imetoka ya mama mtupu. Sikukusudia, tunafanana! Anakuja kesho kwa basi la kwanza. Nimeuliza kama amekasirika. Loisi kasema anapiga pasi kitenge.

Jumamosi, 9 Agosti
Nimemwamkia mama shikamoo, kaitikia marahaba bila kuniangalia. Mgahawa umejaa, Optatus mbele kabisa. Nikapanda juu ya kreti la soda, nikasoma vichekesho vyangu vyote. Hakucheka mtu. Restuta kaendelea kukaanga.

Mama akasimama. Akaanza kusimulia ile sarafu. Nikashuka kwenye kreti.

"Nikamwita yule bwana arudi," akasema. "Nikamwambia, mwanangu, mimi ni Mgogo mzoefu. Sarafu wape wanaojifunza."

Mgahawa ulilipuka kwa kicheko. Restuta aliunguza maandazi. Optatus alicheka mpaka machozi, kisha akamfuata mama, akampa shikamoo, akamwomba radhi kwa sauti ya chini.

Baadaye nimemuuliza mama kama kweli alimjibu hivyo. Kasema hapana, siku ile alilia tu. Jibu kalipata leo asubuhi ndani ya basi. Na anakaa wiki nzima! Nimepumua jamani, nimepumua.

Kama jaji, nimempa ushindi. Mimi nimekuwa wa pili kati ya wawili.

Jumapili, 10 Agosti
Mama katoka kanisani, kaenda sokoni Majengo peke yake, kichwa juu. Moyo wangu mweupe kabisa.

Optatus kaja kusema Wahaya nao wafanye mashindano yao, wayacheke majivuno yao wenyewe. Wazo zuri sana. Nimemwambia wasijisumbue. Vichekesho vya Wahaya nimeshaandika arobaini, nitawasomea mimi.