Vitanzi vya Profesa Chama

Jumatatu, tarehe 2 mwezi wa sita, 2025

Profesa Chama anakufa! Nimeambiwa saa nne asubuhi, kwenye ngazi za kitivo, na Madame Constance, mkuu wa idara yetu ya hisabati. Alikuwa analia. Nami nikalia, kwa adabu. Lakini akili yangu ilikuwa imeshapanda ngazi, imeingia ofisini kwa mgonjwa, inapima dirisha kwa ajili ya mapazia.

Miaka kumi na moja mimi ni msaidizi. Msaidizi Guelord Kapinga! Nimesahihisha mitihani ya watu ambao leo ni wakubwa wangu. Atakayerithi kozi ya topolojia ya Profesa ndiye atakayepanda. Tuko wawili tu: mimi, na Mademoiselle Ngosa, mwenye miaka ishirini na tisa, miwani, na tabia mbaya ya kusoma vitabu mpaka ukurasa wa mwisho.

Madame Constance kasema semina ni Ijumaa. Kila mmoja wetu aeleze jambo moja kuhusu espace de lacets, yaani nafasi ya vitanzi, kazi ya maisha yote ya Profesa. Atakayesimama vizuri, kozi yake.

Espace de lacets naijua. Niliijua vizuri sana mwaka 2012, wiki moja kabla ya mtihani.

Mpango: kumtembelea mgonjwa. Mgonjwa ana daftari.

Jumanne, tarehe 3

Makomeno, mtaani kwa Profesa, mchana. Alinifungulia Régine, bintiye. Ni muuguzi, kaomba ruhusa kazini amtunze baba. Papa Chama amelazwa sebuleni ili aone watu wakipita barabarani. Amekwisha kabisa. Mikono imekuwa vijiti. Ni ini, kasema Régine. Madaktari wamemrudisha nyumbani.

Nilikuja nimejiandaa kuiba. Haikuhitajika! Alinipa mwenyewe. Daftari la bluu, miaka ishirini ya kazi.

"Kamata, mutoto yangu. Usome polepole. Kile hauelewe, ukuye uniulize. Niko bado hapa."

Nikapiga magoti. Magoti huonekana vizuri.

Kisha akanieleza kama anavyowaeleza wa mwaka wa kwanza. Chukua mji. Chagua mahali pamoja, tuseme nyumbani kwako. Toka, zunguka utakavyo, rudi nyumbani. Hicho ni kitanzi kimoja. Sasa fikiria matembezi yote yanayowezekana, marefu na mafupi, hata ya yule mvivu ambaye hakutoka kitandani. Kila tembezi liwe nukta moja. Nukta hizo zote zikikaa pamoja, zinakuwa mji mpya. Mji huo ndio espace de lacets. Macho yake yaling'aa. Mimi nilikuwa nahesabu kurasa. Sitini na nne!

Régine akauliza kama lacet si ile kamba ya kiatu. Mzee akacheka mpaka akakohoa. "Lacet ya kiatu, lacet ya barabara ya mulima, lacet ya kukamata ndege. Jina moja! Kitu inatoka, inajipinda, inarudia."

Halafu akaomba. Kitu kimoja tu. Alizaliwa Kilwa, kando ya ziwa Mweru, na hajakanyaga huko miaka thelathini. "Unipeleke Kilwa nione mayi. Siko na siku mingi." Régine anajua kwamba shemeji yangu, kule mtaa wa Golf, ana jeep, na kwamba huwa ananiazima.

Nikaahidi. Kesho asubuhi! Nikaweka mkono kifuani. Mzee akaushika mkono huo akaubusu, jambo ambalo lilinikera kidogo.

Jumatano, tarehe 4

Sikwenda Kilwa. Ningewezaje? Barabara ile inakula siku mbili kwenda na mbili kurudi. Semina keshokutwa!

Nilimpigia Régine simu. Nikasema jeep imeharibika, kipuri kinatoka Zambia. Uongo mdogo. Régine akasema baba yake amevaa viatu tangu saa kumi na mbili, amekaa kitandani anatazama barabara. Tena ana neno la kuniambia kuhusu ukurasa wa thelathini, nipite hata dakika tano. Nikajibu tutazungumza njiani, tutakuwa na muda mwingi.

Nimesoma daftari siku nzima. Kazi nzuri, mwandiko mbaya. Mzee anatumia alama mbili kwa kitu kimoja! Mahali pengine anaweka omega, ile herufi ya Kigiriki inayofanana na chungu kilichopinduliwa. Mahali pengine anaweka L ya mkia mrefu. Zote mbili ni vitanzi! Uzee, basi. Mkono ulichoka miaka ilivyopita, akasahau alianza na nini.

Nimechapa kila kitu kwenye kompyuta. Chungu kimoja kutoka mwanzo hadi mwisho. L zote nimefuta. Safi kabisa!

Nimemsahihisha mwalimu wangu. Nilijisikia mrefu.

Alhamisi, tarehe 5

Siku ya balaa.

Asubuhi nilifanya mazoezi uani, kwa sauti. Madame Constance anataka tuseme pia kwa Kiswahili ili wanafunzi wa mwaka wa kwanza wafuate. Nikatembea huku na huko nikitangaza: Kitanzi cha kwanza! Kisha kitanzi cha pili! Kisha naviunga, na kazi yangu imekwisha!

Mama mwenye nyumba, Mama Marie-Thérèse, alikuwa dirishani.

Nusu saa baadaye alikuja na katekista na wanawake wawili wa kwaya. Wakaniweka katikati. Wakaniombea. Nikawaambia ni hisabati. Katekista akaniuliza kwa upole tangu lini nimekuwa na mawazo hayo. Nikasema tangu Jumatatu, usiku na mchana. Wanawake wa kwaya wakapiga kelele za huzuni. Mama Marie-Thérèse akasema, "Papa Guelord, kazi haiuwe muntu. Leka tu." Akafungua kamba ya kuanikia nguo akaondoka nayo. Akachukua na mkanda wangu wa suruali! Shati langu jeupe, nililolifua kwa ajili ya kesho, likabaki kwenye beseni.

Alasiri shemeji akanipa jeep. Mtu anayegombea kozi hafiki kwa miguu. Nikaenda mtaa wa Kenya kuchukua koti kwa fundi. Nimesimama njia panda, nani anavuka mbele yangu? Régine, na mfuko wa dawa.

Aliniona. Akaiona jeep. Akatazama magurudumu, moja baada ya jingine, yote manne.

"Yaya Guelord," akasema, maana huniita kaka, "gari imepona?"

Nikasema imepona sasa hivi, dakika hii hii, naijaribu. Akauliza kama basi ni kesho. Nikasema Jumamosi alfajiri, naapa kwa marehemu mama yangu. Nyuma yangu walikuwa wanapiga honi.

"Samedi iko mbali, yaya," akasema. Akavuka.

Ana tabia ya kusema maneno machache, Régine. Inachosha.

Ijumaa, tarehe 6

Shati bichi. Suruali bila mkanda. Lakini nilifika kwa jeep!

Ngosa alianza. Dakika kumi na tano, teorema moja ndogo, vitanzi viwili vinavyoanzia mahali pamoja. Hakuna fahari yoyote. Nikamhurumia.

Kisha mimi. Nilianza vizuri sana. Mkono mmoja chaki, mkono mwingine suruali. Nilipofika kwenye mambo ya ukurasa wa thelathini, nikaandika vitanzi viwili na kuviunga kwa mbwembwe. Ngosa akainua mkono. Akaomba radhi kwanza. Huwa anaomba radhi kabla ya kuua.

"Pardon, yaya. Hii kitanzi ya kwanza inatoka Kenya, inarudia Kenya. Ya pili inatoka Golf, inarudia Golf. Unaziunga wapi?"

Nikajibu kwamba watachukua teksi.

Ukumbi mzima ukacheka. Nilidhani wanacheka pamoja nami. Nikainama kidogo kushukuru, suruali ikashuka kidogo.

Ngosa hakucheka. Akaja ubaoni, akaeleza taratibu kana kwamba anamwongoza kipofu. Kuna maana mbili, akasema. Kuna vitanzi vilivyofungwa mahali pamoja: vyote vinatoka nyumba moja na kurudi nyumba hiyo, kwa hiyo ukimaliza kimoja waweza kuendelea na kingine. Hivyo Profesa huviandikia chungu. Na kuna vitanzi huru, kila kimoja na nyumba yake. Hivyo huviandikia L. Hivi vya pili huwezi kuviunga ovyo, mpaka kwanza uonyeshe vinapokutana. Ukurasa wa thelathini wote ni juu ya kukutana huko. Miaka ishirini ya Profesa iko katika tofauti ya herufi hizo mbili.

Na mimi nimefuta moja.

Madame Constance akavua miwani. Akaniuliza kama sikupata nafasi ya kumwuliza Profesa, maana ni juzi tu alikuwa anazungumza vizuri na anapenda kuulizwa. Nikasema alikuwa amechoka. Ngosa akaniangalia. Anapita Makomeno kila jioni, kumbe! Sikujua.

Kozi amepewa Ngosa. Nimerudi nyumbani kwa jeep, vioo vimefungwa.

Jumamosi, tarehe 7

Sikwenda Kilwa. Nilifikiri hivi: ahadi niliitoa kwa sababu ya daftari. Daftari limeniangusha. Basi tumelipana. Nilizima simu nikalala mpaka saa nne.

Mchana niliiwasha. Ujumbe wa kwanza wa Régine, saa kumi na moja alfajiri: wako mlangoni, godoro limekunjwa, baba amevaa viatu. Wa pili, saa moja: bado wapo mlangoni. Wa tatu, saa tatu: Ngosa amepata lori la samaki linalorudi ziwani tupu, dereva amekubali mgonjwa akae mbele. Wameondoka wote watatu.

Lori la samaki! Profesa mzima! Mimi ningempeleka kwa jeep.

Jumapili, tarehe 8

Papa Chama amefariki.

Ilikuwa jana jioni, Kasomeno, pale barabara inapogawanyika. Lori lilisimama dereva ale. Mzee akauliza bado mbali? Dereva akasema kesho mchana wataona ziwa. Akasema vizuri. Régine alipomletea chai, alikuwa amekwisha kwenda.

Régine amenipigia mwenyewe. Sijui kwa nini alinipigia. Sauti yake haikuwa na hasira, na nilikuwa nimejiandaa kwa hasira, nina majibu matatu ya hasira. Akasema watamzika Kilwa hivyo hivyo, ndugu wamekwisha kuchimba. Akasema:

"Tungeliondoka mercredi, jeudi angeliona mayi."

Halafu akanishukuru kwa kuja Jumanne ile, kwamba baba alifurahi sana siku hiyo, alipata kufundisha mara ya mwisho.

Alhamisi angeona maji. Nimeandika sentensi hiyo, nimeifuta, nimeiandika tena. Mama Marie-Thérèse ameniletea bukari, ugali wa huku, na samaki. Sikuweza kula samaki.

Jumatatu, tarehe 9

Hakuna kitu.

Jumatano, tarehe 11

Ngosa amerudi kutoka Kilwa leo saa sita, nywele zimejaa vumbi jekundu, na kabla hata ya kuoga amekuja kwangu. Nilifikiri amekuja kunitukana. Nilisimama nyuma ya meza.

Hakunitukana. Aliomba maji akanywa. Akasimulia mazishi: ndugu wengi, wavuvi waliovuta mitumbwi ufukweni wakasimama, na mzee mmoja aliyekumbuka Papa Chama akiwa mwanafunzi anayeandika namba mchangani. Régine amebaki huko kwa sasa, kwa shangazi yake.

Kisha akasema jambo ambalo sikulitegemea. Ndani ya lori, kabla ya Kasomeno, Papa Chama alizungumza juu yangu. Alisema, "Guelord anaandika safi. Mupange daftari ile pamoja. Umwelezee page trente, hakukuya kuuliza, labda aliona haya." Aliona haya! Ndivyo alivyonielewa mzee yule.

Basi Ngosa anapendekeza tulipange daftari lote upya, chungu mahali pake na L mahali pake, tulichapishe kuwa kitabu. Jina la Profesa juu ya jalada. Sisi wawili tutajwe ndani, kwenye shukrani, inatosha. Atanifundisha ukurasa wa thelathini mpaka niuelewe, hata ikichukua mwezi. Tuanze Jumatatu. Alipomaliza kusema alilia. Mimi pia nililia, na safari hii haikuwa adabu. Ilidumu kuliko nilivyopanga. Nikamwambia nakubali kwa moyo wote.

Nimekaa uani alasiri nzima nikifikiri. Mimi si mtu yule wa wiki iliyopita. Najisikia nimeoshwa. Kitabu hiki lazima kitoke, kwa heshima ya marehemu, na kitoke kizuri.

Kuhusu jalada tu. Jina la marehemu pale juu litawahuzunisha wasomaji. Marehemu wana dibaji, na dibaji ina nafasi ya kutosha. Yabaki majina ya walio hai. Nani atangulie? Sitaki ugomvi, kwa hiyo nimeiachia alfabeti iamue: Kapinga, kisha Ngosa. Hakuna anayeweza kugombana na alfabeti. Isitoshe mwenzangu amesema mwenyewe kwamba kutajwa kwenye shukrani kunamtosha, na si vizuri kumlazimisha mtu mnyenyekevu.

Daftari liko kwangu. Ngosa anaanza Jumatatu. Mchapaji anafungua kesho saa mbili.