Mkanda Pekee wa Mzee Mokdad

Sfax, Jumatatu, 4 Novemba
"Filamu ni filamu, hata ukiitazama kwenye simu." Hayo kayasema Dorsaf, daktari wa meno, katika mjadala wa klabu yetu ya filamu jana. Uongo mtupu! Nilisimama nikambomolea hoja baada ya hoja. Mjadala ukawa mrefu kuliko filamu, kama ilivyo ada yetu. Nilishinda. Watu walikuwa wameshakwenda zao, lakini nilishinda.

Anazunguka na flashi mfukoni, imejaa filamu alizopakua kwenye hifadhi za mtandaoni. Vijana wanazinakili, wanatazama wamelala, wanasimamisha wakakaange mayai. Makufuru! Sasa anautaka mkanda wa Mzee Mokdad, filamu pekee aliyowahi kuitengeneza. Nakala ni moja tu duniani, iko stoo kwangu. Anataka kuuskani. Nimekataa.

Jumatano, 6 Novemba
Mzee Mokdad kapiga simu. Macho yanamwisha. Anataka kumwona mamaye mara moja tu: ndani ya filamu, mama anapita uani na beseni la nguo. Picha yake nyingine hana. "Mpe huyo binti, mwanangu. Hata kwenye simu nitatazama." Nimemwambia asijidhalilishe. Mama ni wa kutazamwa kwenye pazia kubwa. Jumapili, ukumbini.

Alhamisi, 7 Novemba
Stoo inanuka siki! Nimemfokea mke wangu, Najet, kwa kuweka achari karibu na sanaa. Kajibu kwamba achari alishaitoa tangu kiangazi, labda kinachooza ni hiyo sanaa yangu. Hasomi mwanamke huyu. Nimeuzungushia mkebe wa mkanda nailoni, tabaka juu ya tabaka. Harufu isiingie.

Jumamosi, 9 Novemba
Dorsaf kaja mlangoni. Akanusa, uso ukambadilika. Eti harufu ni ya mkanda wenyewe, unakufa, na kuufungia ndiko kuumaliza. Nisithubutu kuupitisha kwenye projekta. "Bwana Lamjed, nakupigia magoti." Ujanja! Nikafunga mlango.

Jumapili, 10 Novemba
Mzee Mokdad kiti cha mbele, ndani ya suti. Mkanda ulikuwa umejikunja kama ngozi ya samaki wa kukaanga. Nikaulazimisha. Pazia likawaka: ukuta, kamba ya nguo. Kra! Nikaunga. Kra tena. Mwishowe ukawa unamomonyoka vidoleni mwangu.

Pazia likabaki jeupe. Mzee hakutambua. "Nyamazeni," aliwaambia watu, "anakuja sasa hivi." Dorsaf akamshika mkono, akakaa naye hivyo hivyo. Leo hakukuwa na mjadala.

Jumatatu, 11 Novemba
Nimeshajua kosa. Dorsaf alinitia wasiwasi, mkono ukatetemeka. Tangazo langu linabandikwa kesho:

Enyi wajane na watoto wa watengenezaji filamu wa Sfax, mlio na mikanda isiyo na nakala! Msimpe Dorsaf hata mmoja. Nileteeni mimi, wiki hii hii. Stoo ina nafasi.