Rajakumari na Kona ya Kilabu cha Tembo

Jumatatu, 3 Juni

Wamenikatalia! Ofisi ya vibali imesema basi langu Rajakumari haliruhusiwi kubeba abiria kutoka hapa Elamkunnu hadi mjini. Ati ni refu mno kwa kona ya kilabu cha tembo la mnazi. Refu! Mbona ndovu wa hekaluni hupita pale kila sikukuu na mapambo yake yote, na hakuna anayemdai kibali?

Najua huu ni mkono wa nani. Divakaran. Basi lake fupi ndilo pekee kwenye njia yetu, naye alipeleka pingamizi. Mke wangu Thresiamma amesema, kwa upole unaoudhi, kwamba kona ni kona, haikujengwa na Divakaran.

Kuku wameanza kutaga kwenye viti vya nyuma. Haiwezekani. Nakata rufaa.

Jumamosi, 8 Juni

Wakili Pappachan amepokea kesi. Anasema sheria iko upande wetu. Kona ndiyo haiko. Hoja yetu ni mateso ya wananchi: mvua, basi moja, wagema mpira wananing'inia mlangoni. Baraza la rufaa litamtuma mkaguzi ajionee.

Mateso nimeshayaandaa. Majirani watakuja kulia mbele yake, na Thresiamma atawakaangia ndizi. Amekubali. Ila ameuliza kinachotangulia ni machozi au ndizi.

Jumanne, 18 Juni

Wazo! Sijawahi kupata jingine kama hili. Nimeng'oa vioo vyote vya pembeni. Rajakumari amekonda, utadhani bi harusi!

Thresiamma amelizunguka basi polepole, kisha: "Baba Jibin, kwani waliandika mnene au mrefu?"

Mwanamke hajui sheria.

Alhamisi, 20 Juni

Siku mbaya. Niandike kabla sijaisahau kwa makusudi.

Mkaguzi ni Bi Sarojini, mwanamke mfupi mwenye mwavuli mkubwa na buti za mpira. Ndizi zilitangulia. Machozi hayakufika. Bibi Mariyakutty, niliyemlisha kuliko wote, akashuhudia kwamba dereva wa Divakaran humsubiri mpaka apate meno yake. "Akisikia nakohoa ndani, anazima injini. Mungu ambariki yule kijana!"

Nikaamua Rajakumari ajitetee mwenyewe. Nikashika usukani. Pua iliingia kwenye kona vizuri sana. Mkia ukagoma. Nikarudi nyuma bila vioo, na sauti nje ikiniambia njoo, njoo, bado, njoo. Kumbe ni mlevi akimwita muuza tembo. Nikaingia kilabuni kinyumenyume, kibaraza chote kikaanguka. Wanywaji walihamisha glasi zao wakaendelea na mazungumzo.

Aliyenivuta kwa kamba ni Divakaran. "Pole, Kaka Eapen. Ukikosa usafiri wa kwenda nyumbani, basi langu hilo." Kijiji kizima kilicheka. Hata Pappachan, ambaye namlipa.

Nikiwa chini ya basi nikifungua kamba nilimsikia Bi Sarojini akisema kitu kuhusu basi dogo, na kwamba asubuhi abiria ni wengi kweli. Sikusikia vizuri. Thresiamma alikuwa karibu naye, kwenye kikaango. Yeye alisikia vizuri.

Jumatano, 10 Julai

Rufaa imetupwa. Pappachan ananifariji kwamba imetupwa kwa lugha nzuri sana.

Kuna baya zaidi. Thresiamma amepata kibali cha muda! Yeye! Kwa basi dogo la kaka yake. Aliomba siku aliyosema anakwenda mjini kununua samaki. Na samaki alileta kweli, ndiyo maana sikushuku. Divakaran hakuweka pingamizi. Amesema dada Thresiamma ni mtu wa kuelewana naye.

Nilimuuliza kwa nini hakuniambia. "Nilikuambia, Baba Jibin. Nilikuambia basi dogo tangu Pasaka. Wewe ulikuwa unatafuta wakili." Kisha akasema hataki dereva mwingine, ananitaka mimi.

Mimi! Mwenye Rajakumari! Nimeajiriwa na mke wangu. Leo tena kapika samaki, nikala. Walikuwa watamu, jambo lililonikera zaidi.

Ijumaa, 19 Julai

Basi dogo linajaa kila asubuhi. Kwenye kona linateleza kama kambale. Bibi Mariyakutty ameniambia sasa nimekuwa mtu. Thresiamma anaimba jikoni.

Lakini nimegundua kasoro! Abiria wanasimama, tena wengi. Basi ni fupi mno kwa njia hii. Fupi! Njia hii inahitaji basi refu. Nimepeleka pingamizi rasmi dhidi ya kibali cha Thresiamma. Si kwa ubaya, ni sheria tu. Pappachan amefungua jalada jipya.

Nimemweleza Thresiamma wakati wa chakula cha jioni. Hakukasirika. Aliniongezea mchuzi, akauliza Jumatatu nani ataendesha, maana ndiyo siku ya kusikilizwa pingamizi kule ofisi ya vibali.

Nimemwambia asiwe na wasiwasi. Nitaendesha mwenyewe, tena mapema, ili sote wawili tupate viti vya mbele kwenye kikao.