Nilivyougua kwa Neno Moja

Jumatatu, 3 Juni. Cần Thơ.
Ushindi! Mama Sáu, mwenye mgahawa wa tambi jirani na banda langu la kutengeneza feni, kanitazama juu hadi chini, akasema: "Mwanangu, mbona ốm hivyo?" Kwetu Nam Định, kaskazini, ốm ni mgonjwa. Mimi mzima wa afya! Lakini kaniongezea nyama. Na bakuli kalileta Thắm, bintiye, ninayemtaka tangu mwaka jana. Basi. Kuanzia kesho naumwa.

Jumanne, 4 Juni.
Taulo shingoni. Kikohozi kikavu, nimekifanyia mazoezi mbele ya kioo. Nikamlalamikia Mama Sáu kwamba ni kweli, mimi ốm mno. Akasema anaona, ndiyo maana ananilisha. Mayai mawili! Tấn, muuza barafu, naye anayemtaka Thắm, alisema nimekaa kama mtu aliyekodiwa kulia msibani. Wivu huo!

Jumatano, 5 Juni.
Nimepitiliza. Nilianguka mlangoni saa ya chakula cha mchana, vizuri sana, mkono kifuani. Wateja wakadhani ni tambi zilizoniua. Wakakimbia! Mmoja na bakuli lake. Daktari akaja na pikipiki, akapima, akasema moyo safi, ila tumbo limeshiba kupita kiasi. Nikajitetea: si Mama Sáu mwenyewe aliyesema mimi ốm? Thắm akaegemea meza, akacheka mpaka machozi. Kumbe huku kusini ốm ni aliyekonda! Mama Sáu alikuwa ananinenepesha, asije akaaibika kwa mkwe mwembamba kama kijiti cha kulia tambi. Mkwe! Nilishakuwa mkwe, na sikujua! Sasa mimi ni mwosha bakuli, bila malipo, hadi Jumamosi, kufidia wateja waliokimbia.

Ijumaa, 7 Juni.
Thắm kaja kwenye beseni. Bado ananitaka! Sharti moja: "Usipoelewa neno, kaka, uliza. Kuuliza si ujinga." Jumapili bibi yake anakuja kutoka Huế. Asipokubali yeye, hakuna harusi. Lahaja yake ni nzito, hata Mama Sáu hukuna sikio. Nimeapa kuuliza.

Jumapili, 9 Juni.
Bibi kafika. Kaongea. Sikuambulia hata neno! Kama mtu anayeimba huku ana kaa la moto mdomoni. Wote macho kwangu. Niulize? Mbele ya Tấn, aliyejileta na barafu ya bure? Thubutu! Nikainama, nikajibu ndiyo. Bibi akauliza tena. Ndiyo. Mara ya tatu nikaongeza: kwa furaha! Bibi akapiga makofi, akanikumbatia. Thắm akajifunika uso kwa mikono miwili. Mama Sáu akakaa chini. Tấn akanishika bega, akanipa pole, akaondoka akipiga mluzi.

Sijui nimekubali nini. Lakini mambo yamekwenda vizuri ajabu!